Kukimbia kwa hila: Waturuki walivyokuwa wanakimbia halafu wanashinda

Ukisoma stori za Vita vya Msalaba kuna kitu kinajirudia sana, Waturuki wamekimbia, watu wa msalaba wakawafukuza, halafu ghafla waliokuwa wanafukuza ndo wanakufa. Mara ya kwanza nilidhani nimeruka kurasa. Kumbe hiyo ndo mbinu yenyewe: unajifanya umeshindwa ili adui akufuate mpaka pale unapomtaka wewe.

Waturuki wa mwanzo hapa ni Waseljuki, watu wenye asili ya nyika za Asia ya Kati, maana sehemu kubwa ya Uturuki ya leo ilikuwa bado ya Wabizanti (dola ya Kikristo ya Roma ya mashariki) mpaka walipopigwa na Sultani Alp Arslan pale Manzikert mwaka 1071 na mfalme wao akakamatwa akiwa hai. Mwaka 1095 Papa Urban II akaita watu wa Ulaya waende vitani, wakaenda, na ndo Vita vya Msalaba vikaanza.

Sasa kwa nini hila ilifanya kazi? Mturuki alikuwa na farasi mwepesi na upinde mfupi uliounganishwa kwa mbao, pembe na kano za mnyama, na aliweza kugeuka kwenye tandiko akapiga mshale nyuma huku farasi anatimka. Mfaranki, yaani mtu wa msalaba kutoka Ulaya, yeye ana deraya ya pete za chuma, mkuki mrefu, na silaha yake kubwa ni kuvamia kwa pamoja wakiwa wamebanana. Wakikukuta umesimama mbele yao umekwisha, hilo halina ubishi. Ila wakitimka wasigonge kitu basi safu inafunguka, farasi wanahema, askari wa miguu wameachwa huko nyuma, na hapo ndo wakimbiaji wanageuka na wenzao wanatokea mafichoni. Mtu wa mpira anaijua hii: timu inakaa nyuma, mabeki wako wote wanapanda, halafu kaunta.

Mwaka 1104 karibu na Harran kikosi cha Edessa, mji uliokuwa mikononi mwa watu wa msalaba, kilifuata Waturuki wanaorudi nyuma, kikaingia mkenge mzima mzima. Baldwin wa Edessa na binamu yake Joscelin wakakamatwa wote wawili. Na huyu Baldwin baadaye alikuja kuwa mfalme wa Jerusalem, kwa hiyo usiseme alikuwa bwege.

Dawa yake ilikuwepo lakini chungu, ni kutulia tu huku unapigwa mishale. Tarehe 1 Julai 1097 pale Dorylaeum, Bohemond, mmoja wa viongozi wa watu wa msalaba, alizingirwa na watu wa Kilij Arslan, sultani wa Waseljuki, akaamuru wapiganaji wake wasitoke, wakabana kwenye kambi masaa kadhaa kwenye jua la Julai, wanawake wanawapelekea maji wanaopigana, mpaka wenzao waliokuwa nyuma wakafika. Siku hiyo Waturuki walikimbia kweli, na mahema wakaacha.

Arsuf, 1191, ndo mfano ninaoupenda zaidi. Jeshi la Saladin (sultani wa Waislamu, yeye mwenyewe Mkurdi, ila wapanda farasi wake wengi Waturuki) lilichokoza safu ya Richard, mfalme wa Uingereza, ikiwa inatembea kando ya bahari, na Baha al-Din aliyekuwa upande wa Saladin anasema aliona askari wa miguu wa Kifaranki wana mishale mpaka 10 imechomeka mgongoni na bado wanatembea kwenye mstari! Mwisho Wahospitali (mashujaa watawa wa Kikristo) waliokuwa nyuma kabisa uzalendo ukawashinda wakavamia kabla ya amri, Richard ikabidi avamie nao, lakini akawarudisha wakajipanga upya badala ya kufukuza hovyo. Akashinda.

Ungedhani somo limeingia. Mwaka 1396 pale Nicopolis, kwenye mto Danube, Sigismund, mfalme wa Hungaria, aliyewazoea Waturuki wa Osmani (hawa walikuja baada ya Waseljuki) aliwaomba Wafaransa wasitangulie, wakaona wanavunjiwa heshima. Wakapanda kilima wakavunja wapanda farasi wepesi, wakakuta vigingi vimechongwa ncha, wengi wakashuka kwenye farasi wakaendelea kwa miguu na deraya zao, wakafika juu wanahema wakidhani imeisha. Bayezid, sultani wa Osmani, alikuwa nyuma ya kilima na wapanda farasi wake bora, hawajachoka, hawajapiga hata pigo moja. Wakapigwa, na mtoto wa Mtawala wa Burgundy, mmoja wa waliokamatwa, alikombolewa baadaye, na bei ya fidia ilikuwa sarafu za dhahabu 200,000.