Mgonjwa aliyeanza kuropoka juzi hana kichaa

Kuna maneno ambayo nikiyasikia tena wodini natamani kusimamisha raundi nzima: "Daktari, huyu si wa kwetu, huyu ni wa akili, tumwandikie rufaa ya Mirembe", yaani hospitali ya wagonjwa wa akili. Yanasemwa juu ya mzee kutoka Sikonge, hapa Tabora, mwenye homa ya siku nne na oksijeni iliyoshuka. Yanasemwa juu ya mama mwenye VVU aliyeumwa kichwa wiki tatu. Yanasemwa juu ya mkulima wa tumbaku aliyelazwa kwa mguu uliovunjika, akaanza kutetemeka na kufukuza wadudu wasioonekana usiku wa tatu. Mwezi mmoja nyuma wote hao walikuwa wanalima, wanauza, wanadai madeni yao. Mtu hafiki miaka sabini na akili yake timamu halafu akapata skizofrenia Jumanne mchana.

Hii ni deliriamu. Figo zikishindwa kazi tunaona mkojo umepungua. Ubongo ukishindwa kazi kwa sababu ya ugonjwa ulioko kwingine mwilini, tunaona mtu anaropoka, anavua nguo, anang'oa kanula ya dripu, anaita ndugu waliokwisha kufa. Inaanza kwa saa au siku chache, si kwa miezi. Mgonjwa hawezi kushika jambo moja kichwani akalifuata. Na hali yake inapanda na kushuka ndani ya siku moja.

Hapo kwenye kupanda na kushuka ndipo tunapogombana kila wiki. Nesi wa zamu ya usiku anaandika kwenye faili kwamba saa nane mgonjwa alipiga kelele, hakumtambua mkewe, akataka kutoka kwenda kuswaga ng'ombe. Saa tatu asubuhi tunapita, mgonjwa anajibu salamu, anataja jina lake, na mwenzangu anaandika: "Anajitambua, anaendelea vizuri." Basi ya usiku yanafutika kana kwamba nesi ameyaota. Jamani, kutulia asubuhi na kuchafuka usiku ndiyo deliriamu yenyewe! Someni maandishi ya zamu ya usiku kabla ya kumgusa mgonjwa. Mwulizeni na mke wake, yeye hakulala.

Ndugu nao wanaona kitu hichohicho na kupata jibu jingine: yanampanda usiku, asubuhi yanamwachia, basi ni mashetani. Sina ugomvi na dua wala maombi. Mchungaji aje, shehe aje, wasome pale kitandani huku dawa ikiendelea kuingia. Ninachopinga ni kumtoa mtu mwenye homa ya uti wa mgongo wodini kumpeleka kwa mganga, halafu kumrudisha baada ya siku tatu akiwa hawezi kumeza.

Kumwuliza jina na mahali alipo hakutoshi. Wengi wenye deliriamu wanajibu hayo vizuri. Mwombe ataje siku za wiki kurudi nyuma: Jumapili, Jumamosi, Ijumaa. Atafika Alhamisi apotee, au atageuza aanze kwenda mbele, au atasahau umemwuliza nini. Kipimo cha deliriamu kinachoitwa 4AT kinatumia miezi kurudi nyuma, lakini bibi ambaye hakupita shule anaweza kushindwa miezi akiwa mzima kabisa. Hata siku za wiki nazitilia shaka kwa wazee wengine, ndiyo maana nauliza kwanza kwa mwanawe kama mwezi uliopita mama angeziweza. Na kabla ya kuandika "anaongea maneno yasiyoeleweka", hakikisha si Kinyamwezi au Kiha. Bibi aliyeandikwa hivyo anaweza kuwa anaomba maji kwa lugha yake. Mtafute mhudumu anayeijua, amsalimie, kwa Mnyamwezi "Mwangaluka", kisha msikilize anavyojibu.

Anayenitisha kuliko wote si yule anayepiga kelele. Anayepiga kelele angalau anaonekana. Ni yule aliyejikunja kitandani, hali, haongei, ukimwamsha anafungua macho anakutazama kisha analala tena. Huyo tunamsifu kwamba ni mgonjwa mtulivu, na ndugu wanasema leo amepumzika. Naye ana deliriamu, ila ni ya kimya. Hakuna anayekimbia kumwita daktari, kwa hiyo sukari yake inashuka taratibu, anapaliwa na uji anaolishwa akiwa amelala chali, vidonda vya mgongo vinaanza. Mgonjwa akitulia ghafla huku homa haijashuka wala pumzi yake haijawa nzuri, mshtukie.

Cha kwanza ni kupima sukari na oksijeni. Hilo silielezi, linachukua dakika mbili tu.

Halafu tunakuja kwenye utatu wetu wa malaria, taifodi na UTI (maambukizi ya njia ya mkojo). "Malaria imempanda kichwani." Mkoa wetu ni miongoni mwa yenye malaria nyingi nchini, na malaria kali inavuruga akili kweli, kwa hiyo dawa yake, atesunati ya sindano, haisubiri. Lakini kipimo cha haraka kinaweza kubaki chanya wiki kadhaa baada ya mtu kutibiwa, na watu wazima wengi hapa hutembea na vijidudu wakiwa wazima. Chanya haimaanishi umemaliza kutafuta. Widal, kipimo cha taifodi, ndiyo kabisa, sipendi hata kuiona kwenye faili. Na chembe za usaha kwenye mkojo wa bibi wa miaka themanini unaweza kuzikuta hata siku aliyokuwa anacheka na wajukuu. Yule mama wa kichwa cha wiki tatu anaweza kuwa na uti wa mgongo unaoletwa na fangasi wa kriptokoka huku shingo yake ni laini na homa hana. Anahitaji kipimo cha kriptokoka cha damu na kutolewa maji ya mgongo. Ndugu wanakataa sindano ile wakisema inapooza. Kaeni nao, waelezeni bila haraka, kwa sababu kinachopooza na kuua ni ugonjwa tunaouacha mle ndani.

Mrina asali au mwindaji aliyebadilika tabia kwa wiki kadhaa, analala mchana na kukesha usiku, chukueni damu mkaiangalie kwa hadubini. Vimelea vya malale, ugonjwa unaoletwa na mbung'o wa porini, havionekani kwenye kipimo cha haraka cha malaria, na tangu tuzoee kipimo hicho slaidi zimekuwa chache.

Mzee wa kiume anayevua nguo na kujaribu kushuka kitandani, weka mkono chini ya kitovu. Mara nyingi utakuta kibofu kimejaa kama ngoma. Anataka kukojoa, tezi dume imeziba, na sisi tunamfunga mikono kwa bandeji. Kumfunga kunamwongezea vurugu na kunaumiza mikono. Mpira wa mkojo ukiingia, kelele zinaweza kuisha palepale. Baada ya hapo usiuache bila sababu, kwa maana mpira wenyewe nao unachokoza deliriamu.

Pombe tunaiuliza vibaya. Huwezi kumwuliza mzee wa kanisa mbele ya wanawe kama anakunywa gongo au wanzuki. Muulize peke yake, au muulize jirani. Kutetemeka, jasho, moyo kwenda mbio na kuona wadudu kati ya siku ya pili na ya nne tangu alipokunywa mara ya mwisho ni pombe inayotoka mwilini, na inaua. Huyu ndiye dawa ya kutuliza, diazepamu, inamfaa, pamoja na thiamini (vitamini B1) ya sindano. Ila sukari ikiwa imeshuka, ipandishe papo hapo, usisubiri thiamini ipatikane.

Na kwa kuwa tuko kwenye nchi ya tumbaku: aliyemeza sumu ya kuulia wadudu akapewa atropini ya kupinga sumu hiyo, kisha akaanza kuchanachana shuka na kupiga watu, mtazame mboni na ngozi kabla ya kuongeza dozi. Ngozi kavu ya moto, mboni pana, moyo unakimbia, hiyo ni atropini iliyozidi. Isimamishe kwanza umwangalie kwa karibu. Dawa tunazoandika kila siku nazo zimo: promethazini ya kichefuchefu, amitriptilini ya ganzi za miguu, diazepamu ya "apate usingizi". Kwa mzee, yoyote kati ya hizo inatosha kumvuruga.

Sasa sindano. "Mchome alale" ni ombi la watu waliochoka, na nalielewa, nesi mmoja na wagonjwa arobaini usiku si mchezo. Lakini haloperidoli, dawa ya kutuliza wenye ugonjwa wa akili, haiponyi deliriamu. Mwaka 2018 utafiti mkubwa wa vyumba vya wagonjwa mahututi Marekani, MIND-USA, ulionyesha kwamba haikufupisha siku za deliriamu hata kidogo. Naitumia pale tu mgonjwa anapohatarisha maisha yake au ya mwingine, na kwa mzee naanza na nusu miligramu hadi moja. Ampuli ina miligramu tano, na mazoea yetu ni kuvuta yote. Diazepamu kwa asiye mlevi na asiye na degedege mara nyingi inamchanganya zaidi, na pumzi inaweza kuzama.

Kinachosaidia zaidi tunakifukuza getini saa za kuona wagonjwa zikiisha. Mwaka 1999 daktari Sharon Inouye na wenzake wa Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, walichapisha kazi yao kwa wazee waliolazwa: kuwanywesha maji, kuwatembeza, kuwapa miwani yao, kuwalinda usingizi, kuwakumbusha siku na mahali. Waliopata deliriamu walishuka kutoka 15 hadi karibu 10 kwa kila 100. Kazi hiyo yote binti wa mgonjwa angeifanya kwa moyo wote kama tungemruhusu abaki. Ninaomba kila mgonjwa aliyechanganyikiwa aachiwe ndugu mmoja usiku, sauti anayoijua ikae karibu na sikio lake.

Vitabu vinaandika kana kwamba ukitafuta vizuri chanzo kinapatikana. Si kweli siku zote. Wapo tunaowatibu kwa kukisia kwa sababu majibu ya sodiamu (chumvi ya damu) hayakuja, na wapo wanaopona bila sisi kujua nini kiliwapata. Wapo pia wanaoruhusiwa homa imekwisha lakini akili hairudi kama ilivyokuwa kwa wiki nyingi, na wachache hairudi kabisa. Waambieni ndugu hilo mapema, wasidhani mzee anawadharau nyumbani.

Na kwenye kadi ya kuruhusiwa msiandike "malaria kali" mkaishia hapo. Andikeni kwamba alipata deliriamu, tarehe ilipoanza, chanzo mlichokikuta, na dawa mlizozisimamisha, ili zahanati ya kijijini isimwanzishie tena ileile amitriptilini.