Kobe sio ng'ombe mdogo, acheni kumchoma ivamektini

Jamani wafugaji wa Mwanza na kanda ya ziwa kwa ujumla, hii tabia ya kumchoma kobe dawa ya minyoo ya ng'ombe naomba iishe. Najua inavyokuwaga, unaingia duka la dawa za mifugo unasema mnyama wangu ana minyoo, muuzaji mkono ushafika kwenye chupa ya ivamektini maana ndo inayotoka kila siku, anakwambia we mpe kidogo tu si katoto haka.

Sasa kwa ng'ombe ile ya asilimia 1 ni ml 1 kwa kilo 50, kwa hiyo mjanja wa hesabu atasema kobe wangu wa kilo moja nampa ml 0.02, yamekwisha. Hayajaisha! Shida sio kipimo, shida ni dawa yenyewe. Inaua mnyoo kwa kumpoozesha, na ng'ombe anapona kwa sababu ubongo wake una kizuizi kinachoizuia isiingie, ila kwa kobe inapenya. Utamwona miguu imelegea, ukimgusa kichwa harudishi ndani, shingo inaning'inia tu, halafu pumzi inaanza kukata. Dawa ya kuifuta mwilini hakuna. Nyoka na baadhi ya mijusi sisi madaktari wa mifugo huwa tunawapa kwa uangalifu, kobe na kasa hapana kabisa.

Na mara nyingi hata hiyo minyoo sio tatizo, kobe mzima kuwa na minyoo kidogo tumboni ni kawaida, ndo maana nasema leta kwanza kinyesi tukicheki. Ikibidi zipo dawa nyingine kama fenbendazo, nayo dozi yake inapigwa kwa uzito wa gramu, mizani ya jikoni inatosha, sio kukadiria kwa macho.

Kingine ni joto. Huyu mnyama hajitengenezei joto, sasa mwezi wa 7 asubuhi kuna baridi na yeye yuko kwenye sakafu ya saruji, dawa itakaa mwilini muda mrefu kuliko ulivyopanga. Mpashe joto na mpe maji kwanza, hasa kama dawa yenyewe ni jentamaisini (sindano ya kuua bakteria), ile ikimkuta amekaukiwa maji inaharibu figo. Sindano tunachoma miguu ya mbele, kwa sababu damu ya miguu ya nyuma inaweza kupitia kwenye figo kabla haijazunguka mwilini.

(Kibali cha kufuga mnyamapori nacho uwe nacho, mimi sio wakili wako.)

Kama ushamchoma tayari, usimnyweshe kitu mdomoni, atapaliwa. Mweke sehemu ya joto, andika saa na kiasi ulichompa, beba na chupa yenyewe umuwahishe kwa daktari wa mifugo, hata kama bado anatembea.