Je, Albania ilikombolewa na jeshi la Kisovieti?

Wengi huamini kwamba kila nchi ya Ulaya Mashariki iliyofuata ukomunisti baada ya Vita Kuu ya Pili ilikombolewa na jeshi la Kisovieti. Ni rahisi kufikiri hivyo, maana ndivyo ilivyokuwa kwa nchi nyingi za eneo hilo. Albania ni tofauti.

Italia iliivamia tarehe 7 Aprili 1939. Iliposalimu amri Septemba 1943, Wajerumani waliingia, na wapiganaji wa msituni wa Albania wakajizolea silaha nyingi za Waitalia. Nyingine zilidondoshwa kwa miamvuli na ndege za Waingereza. Tirana, mji mkuu, ilipiganiwa mtaa kwa mtaa kwa siku 19, na msafara wa Wajerumani uliotoka mji wa Elbasan kuwaokoa wenzao ulizuiwa Mushqeta, kusini mwa mji. Mji ukawa huru tarehe 17 Novemba 1944. Shkodër, kaskazini, ukafuata mwishoni mwa mwezi.

Hata hivyo, tusitie chumvi: Wajerumani walikuwa tayari wanaondoka Ugiriki kwa kuhofia kuzingirwa na Wasovieti waliokwisha kuingia Bulgaria. Shinikizo hilo lilisaidia sana.

Ukitaka kuhakiki, chukua ramani ya Balkani yenye tarehe. Andika siku kila mji ulipokombolewa, kisha tafuta jeshi lililokuwa karibu siku hiyo. Belgrade, Oktoba 1944, utakuta Wasovieti na wapiganaji wa Yugoslavia bega kwa bega. Tirana utakuta Waalbania peke yao. Kosa la kawaida ni kutazama mipaka ya 1945 bila kuuliza nani alifika lini.