“Hii kadi inalipia vipimo vile?” Uvumi na ukweli kuhusu bima na upimaji wa magonjwa ya zinaa

Swali hilo huulizwa kwa sauti ya chini, kwenye dirisha la mapokezi hospitalini, huku muulizaji akigeuka kuona nani yuko nyuma yake. Mhudumu naye hujibu kwa mkato, “Inalipia,” au “Hailipii,” na wote wawili wanashukuru kwamba yameisha. Tatizo ni kwamba swali hilo halina jibu la ndiyo wala hapana. Kadi haijui “vipimo vile”. Inajua kipimo fulani, kilichoagizwa kwa sababu fulani, kikafanyika mahali fulani. Aibu ikishakatiza mazungumzo, pengo linalobaki hujazwa na uvumi, na baadhi ya uvumi huo unawagharimu watu fedha na afya.

“Nina bima, kwa hiyo sitoi chochote.”

Huu ndio unaowaumiza wengi, kwa kuwa nusu yake ni kweli. Bima nyingi hutenganisha vitu viwili ambavyo machoni pa anayepimwa ni kimoja: uchunguzi wa kinga, yaani kupimwa ukiwa huna dalili yoyote, na uchunguzi wa ugonjwa, yaani kupimwa kwa sababu kuna kitu unakisikia mwilini. Kikopo cha mkojo ni kilekile, mashine ya maabara ni ileile. Kinachotofautiana ni mstari mmoja ulioandikwa kwenye fomu ya maabara, sehemu ya sababu ya kipimo, na mstari huo ndio unaoamua nani atalipa.

Wala mambo hayaelekei upande mmoja. Kuna bima zinazobeba kinga yote lakini mwenye dalili akatakiwa kuchangia. Kuna nyingine, zilizotungwa kwa ajili ya matibabu tu, ambazo humlipia mwenye dalili na kumkatalia asiye nazo kwa hoja kwamba haumwi. Kwa hiyo aliyoambiwa rafiki yako dirishani yanaweza kuwa kweli kwake na yasiwe kweli kwako, hata kama kadi zenu zinafanana rangi.

Marekani ni mfano mzuri wa aina ya kwanza. Sheria ya afya ya mwaka 2010 inazitaka bima nyingi za huko zilipie, bila mgonjwa kuchangia, huduma za kinga ambazo jopo la kitaifa la wataalamu limezipa daraja la A au B, yaani zile linazozipendekeza. Kipimo cha VVU kimo kwa watu wa miaka 15 hadi 65. Kaswende imo kwa walio katika hatari zaidi na kwa kila mjamzito. Klamidia na kisonono vimo kwa wanawake wanaofanya ngono ambao hawajavuka miaka 24, na kwa waliovuka umri huo wakiwa katika hatari. Wanaume je? Jopo lilisema ushahidi hautoshi kupendekeza wala kupinga. Halikusema wanaume hawaugui, lakini kwa bima “ushahidi hautoshi” maana yake ni “hatulazimiki”. Basi wapenzi wawili wa miaka 23 wanaweza kuingia maabara moja asubuhi moja, wakatoa mkojo kwa kipimo kilekile, mmoja akaenda zake na mwenzake akaletewa ankara. Wajibu huo wa bima ulipingwa mpaka Mahakama ya Juu ya nchi hiyo, nayo Juni 2025 ikauacha usimame.

Hata pale kipimo chenyewe kinapolipiwa, kuna gharama zinazokizunguka. Ada ya kumwona daktari huhesabiwa peke yake. Sampuli inaweza kutumwa kwenye maabara ya nje isiyo na mkataba na bima yako, ingawa kituo ulichokwenda kinao. Bima nyingine zina kiwango cha mwanzo ambacho lazima ukitoe mfukoni kila mwaka kabla hazijaanza kulipa, na kama mwaka ndio umeanza, kipimo hicho kinaweza kuangukia humo.

Mimi ningeuliza hivi: “Kipimo cha klamidia cha mkojo, sina dalili, kinafanyika hapahapa au kinapelekwa nje, na mimi nitatoa kiasi gani?” Ni maneno mengi kuliko “vipimo vile”, ila yanajibika. Onyo moja tu: usifiche dalili ili fomu isomeke kinga. Daktari huchagua kipimo kwa kufuata unachomweleza, na kipimo kisicho sahihi ni ghali hata kikiwa cha bure.

“Nilitolewa damu mwaka jana, nikapimwa kila kitu.”

Hakuna kipimo kiitwacho “kila kitu”. Damu hutumika kutafuta VVU, kaswende, homa ya ini B na C. Klamidia, kisonono na trikomona hutafutwa kwenye mkojo au kwenye majimaji yanayochukuliwa ukeni kwa kijiti cha pamba. Kisonono kikikaa kooni au kwenye njia ya haja kubwa, mara nyingi bila dalili yoyote, mkojo hautakiona kamwe; ni lazima kijiti kipite palepale. Na hapa bima huingia tena, maana kila sehemu ya mwili inayochukuliwa sampuli inaweza kuhesabiwa kuwa kipimo kinachojitegemea. Usipomwambia daktari ni ngono ya namna gani unayofanya, utapimwa mahali pasipohusika na kupewa karatasi safi.

Upande wa pili wapo wanaokasirika bima inapokataa kulipia kipimo cha damu cha malengelenge ya sehemu za siri. Kwa mtu asiye na vidonda, mara nyingi ukataaji huo una msingi wa kitabibu. Jopo lile la Marekani lilishauri dhidi ya kipimo hicho kwa wasio na dalili mwaka 2016, likarudia hivyo mwaka 2023, kwa kuwa kipimo hicho hutoa majibu mengi ya uongo, na matibabu hayaondoi kirusi. Virusi vya papiloma (HPV) navyo kwa wanawake hutafutwa kupitia uchunguzi wa saratani ya mlango wa kizazi; kwa wanaume hakuna kipimo cha kawaida kinachopendekezwa. Ukiuziwa kifurushi cha “vipimo kamili” chenye orodha ndefu kama ya mizigo ya bandarini, soma orodha kabla hujashangilia urefu wake.

“Bima haigusi magonjwa ya kujitakia.”

Neno “kujitakia” limebeba hukumu, si tiba. Hata hivyo sitadai kwamba halimo kwenye mikataba. Bima za safari mara nyingi huyaorodhesha magonjwa ya zinaa miongoni mwa yasiyolipiwa, na baadhi ya bima binafsi hufanya vivyo hivyo. Sehemu ya kusoma ni ile ya mwisho ambayo hakuna anayeifikia, iliyoandikwa yasiyolipiwa. Angalia kama imetaja magonjwa ya zinaa kwa ujumla au VVU peke yake, na kama imetaja vipimo au matibabu tu.

Penye ujauzito hali hubadilika. Shirika la Afya Duniani linapendekeza kila mjamzito apimwe VVU, kaswende na homa ya ini B, kwa sababu zote tatu humfikia mtoto. Mara nyingi vipimo hivyo huhesabiwa ndani ya huduma za uzazi, na kwa mlango huo hata mkataba mkali unaweza kuvilipia.

“Sina dalili, nitakuwa ninachoma fedha bure.”

Shirika hilohilo lilikadiria maambukizi mapya milioni 374 ya kaswende, kisonono, klamidia na trikomona kwa mwaka 2020, kwa watu wa miaka 15 hadi 49, na linasema mengi ya maambukizi ya zinaa hayana dalili. Yote manne yanatibika. Lakini klamidia iliyoachwa inaweza kupanda taratibu mpaka kwenye mirija ya uzazi na kuiziba, na mwenyewe asijue mpaka siku anapotafuta mtoto. Wazee waliposema mficha uchi hazai hawakuwa wanazungumzia maabara, ila methali hiyo ingefaa kubandikwa mlangoni mwake. Kutibu klamidia ni dozi ya siku saba ya doksisaiklini, dawa ya zamani isiyo na madoido. Kutibu ugumba ni safari ndefu, na bima nyingi hujitoa mapema katika safari hiyo.

“Nikitumia kadi, nyumbani watajua.”

Huu siuiti uvumi. Una ukweli wa kutosha kumfanya mtu awe mwangalifu. Mwenye kadi akiwa ni mzazi au mwenza wako, na wewe ni mtegemezi, taarifa ya madai, yaani maelezo ya huduma ambayo bima imedaiwa, inaweza kupelekwa kwake: kwa barua, kwa ujumbe wa simu au kwenye akaunti yake ya mtandaoni. Jibu la kipimo halimo humo. Lakini jina la kituo, tarehe na wakati mwingine jina la huduma vinaweza kuwemo, na mtu mwenye akili timamu hahitaji zaidi ya hapo.

Ziko njia. Baadhi ya nchi zinakuruhusu kuiomba bima itume taarifa zako kwa anwani yako mwenyewe. Marekani, kanuni za faragha zinailazimu bima kukubali ombi hilo ukieleza kwamba kutokulikubali kunaweza kukuhatarisha. Hukohuko, ukilipa huduma yote mfukoni, una haki ya kukitaka kituo kisiipe bima taarifa ya huduma hiyo. Mahali pengine utaratibu ni mwingine, ila swali ni moja, nalo huulizwa kabla ya kutoa sampuli: “Taarifa ya kipimo hiki inakwenda kwa nani?” Kuuliza baadaye ni kufunga zizi ng’ombe wameshatoka.

Na mwajiri? Watu huogopa sana kwamba ofisini wataona majibu. Bima ya kundi kwa kawaida humwonyesha mwajiri jumla ya matumizi. Hofu kubwa zaidi iko sebuleni.

“Wakinikuta nao, ada itapanda au watanitoa.”

Tofautisha bima ya afya na bima ya maisha. Kampuni za bima ya maisha zinaweza kukuuliza kuhusu VVU, na hata kukutaka upimwe kabla ya kukukubali; huo ni mkataba wa namna nyingine. Bima ya afya inategemea sheria ya mahali ulipo. Marekani, tangu mwaka 2014, bima za mtu mmoja mmoja na za makundi madogo haziruhusiwi kupanga ada kwa kuangalia afya ya mtu. Huangalia umri, mahali anapoishi, matumizi ya tumbaku, na kama ni bima ya mmoja au ya familia. Na kisonono kilichotibiwa kikapona ni kama malaria iliyotibiwa ikapona. Si ugonjwa wa kudumu.

“Nimejikwaa juzi, ngoja nipime leo nimalize.”

Hapa ndipo watu wanapotupa fedha kwa uharaka. Kila maambukizi yana kipindi cha dirisha, siku ambazo vijidudu vimo mwilini lakini kipimo hakijaweza kuviona. Kipimo cha VVU cha maabara kinachotafuta antijeni (sehemu ya kirusi chenyewe) na kingamwili (kinga ambayo mwili hutengeneza dhidi yake) kwa damu ya mshipani huweza kugundua kati ya siku 18 na 45 baada ya kuambukizwa; vingi vya vile vya haraka vinavyotafuta kingamwili pekee huchukua siku 23 hadi 90. Kaswende inaweza kuchukua hadi siku 90. Klamidia na kisonono kwa kawaida huhitaji kama wiki mbili. Sasa chukua bima inayolipia kipimo kimoja tu cha kinga kwa mwaka: umekitumia siku ya tatu, kimekwambia uko salama kabla ya wakati wake, na wakati wake ukifika unalipa mwenyewe. (Kama hofu ni ya VVU na hazijapita saa 72, usingoje kipimo chochote kionekane, nenda leo ukaulizie dawa za kuzuia maambukizi baada ya kuwa hatarini.)

Kosa la namna hiyo hutokea pia mwisho wa matibabu. Ukirudia kipimo cha klamidia kabla ya wiki nne kupita tangu umalize dawa, mashine inaweza kuona mabaki ya bakteria waliokwisha kufa na kukupa jibu la uongo. Kupimwa tena miezi 3 baadaye ndiko kunakopendekezwa, kwa kuwa wengi huambukizwa upya na mwenza ambaye hakutibiwa.

“Sina bima, sina pa kupimwa.”

Mwaka 1916, katikati ya Vita Kuu ya Kwanza, Uingereza ilitunga kanuni za kuanzisha kliniki za magonjwa ya zinaa zilizotoa matibabu bure na kwa siri. Serikali haikufanya hivyo kwa huruma tu. Ilikuwa imeelewa kwamba anayeogopa ankara, au anayeogopa kujulikana, hukaa na ugonjwa wake na kuusambaza. Mpaka leo kliniki za afya ya ngono za huduma ya umma nchini humo hupima na kutibu magonjwa hayo bure, hata kwa mgeni asiye mkazi, na tangu Oktoba 2012 matibabu ya VVU England nayo yameingia humo. Nchi nyingi duniani hutoa kipimo cha VVU bure kwa hoja hiyohiyo, na vipo vifaa vya kujipima mwenyewe kwa mate au tone la damu ya kidoleni, ingawa vikionyesha maambukizi lazima jibu lithibitishwe kituoni.

Milango hiyo haijafungwa kwa wenye kadi. Kama unachohofia ni taarifa kufika nyumbani, au kipimo chako cha mwaka umeshakitumia, unaweza kwenda huko na kadi ukaiacha mfukoni.