Haki ya kuamini: William James alimjibu nini mtu wa "ushahidi uko wapi?"

Mjadala wa dini ukishawaka kwenye grupu haichukui muda mtu anatupa lile swali, "ushahidi uko wapi?", na mwingine anarudisha palepale "imani haihitaji ushahidi", basi kila mtu anabaki upande wake na hakuna aliyesogea hata hatua moja. Ila hilo swali lina historia yake, na kuna watu wawili waliolichimba vizuri sana kiasi kwamba mtu anayesoma falsafa ya dini ni vigumu kuwakwepa: W. K. Clifford wa Uingereza na William James wa Marekani. Dhana yenyewe ndo hii inaitwa haki ya kuamini, yaani je, mtu anaruhusiwa kuamini jambo ambalo hana ushahidi wa kutosha kwamba ni kweli, na kama anaruhusiwa ni wakati gani na kwa masharti gani. Hayo masharti ndo watu wengi wanayaruka, wanabaki na "James kasema ukitaka kuamini we amini tu", na hicho sio alichosema.

Tuanze na Clifford kwanza maana bila yeye James haeleweki. Clifford alikuwa mtu wa hesabu, profesa pale University College London, na mpaka leo kuna tawi la aljebra lenye jina lake. Ujana wake alikuwa mtu wa kanisa kwelikweli, baadaye imani ikamtoka. Mwaka 1877 alitoa insha inayoitwa The Ethics of Belief, na ndani yake kuna stori ya mwenye meli.

Jamaa ana meli kuukuu, haikutengenezwa vizuri toka mwanzo, imekarabatiwa mara nyingi, na sasa inatakiwa kubeba familia za watu wanaohama nchi kwenda kutafuta maisha ng'ambo. Watu wanamnong'oneza kwamba hii meli inahitaji kufanyiwa ukaguzi na matengenezo, na yeye mwenyewe moyo haujatulia kwa sababu anajua itamgharimu hela nyingi. Sasa angalia anachofanya, hadanganyi mtu yeyote, anachofanya ni kujituliza mwenyewe: anajiambia meli imeshavuka safari nyingi na dhoruba nyingi na imerudi salama, anajiambia Mungu hawezi kuziacha familia zote hizi zinazotafuta riziki, anajikemea kwamba ni vibaya kuwawazia ubaya mafundi walioiunda, mpaka mwisho anaamini kabisa kutoka moyoni kwamba meli ni nzima. Anaiaga bandarini kwa moyo mweupe akiwatakia abiria kheri. Inazama katikati ya bahari, yeye anachukua hela ya bima.

Clifford anasema huyu mtu ana hatia ya vifo vile, na kuamini kwake kwa dhati hakumsaidii kitu, kwa sababu hakuwa na haki ya kuamini hivyo kwa ushahidi aliokuwa nao. Halafu anaongeza kitu kizito zaidi, kwamba hata kama meli ingefika salama hatia ingebaki ileile, ingekuwa tu haijagundulika. Kwa sisi ambao tarehe 21 Mei 1996 MV Bukoba ilizama Ziwa Victoria karibu na Mwanza ikiwa imejaza watu kupita kiasi, huu mfano hatuhitaji kuelezwa mara mbili. Na Clifford mwenyewe hakuwa anaongea mambo ya kusikia, Desemba 1870 alikuwa kwenye meli iliyobeba wanasayansi wanaokwenda kutazama kupatwa kwa jua, ikagonga mwamba karibu na Sicily, akaokoka.

Kutoka kwenye meli ndo anatoa ile kanuni yake maarufu: ni kosa, siku zote, mahali popote na kwa mtu yeyote, kuamini jambo lolote kwa ushahidi usiotosha. Hajataja Mungu kwenye hiyo kanuni lakini kila aliyeisoma alijua inaelekea wapi. Kama huna ushahidi wa kutosha kwamba Mungu yupo basi kuamini ni kosa la kimaadili, na kwamba umelelewa hivyo, au kwamba inakupa faraja, hiyo sio sababu.

Clifford alifariki 1879 akiwa na miaka 33, kifua kikuu. James alimjibu 1896, miaka 17 baadaye, kwenye mhadhara aliowapa wanafunzi wa klabu za falsafa za vyuo vya Yale na Brown, na mwaka uliofuata ukatoka kwenye kitabu kwa jina The Will to Believe. Hilo jina lilimletea shida nyingi, watu wakadhani anafundisha kujilazimisha kuamini kwa nguvu ya utashi, mpaka baadaye akakiri kwamba angepaswa kuuita haki ya kuamini.

Na inabidi ujue James ni mtu wa aina gani. Alisoma udaktari Harvard, akawa mmoja wa waanzilishi wa saikolojia kama sayansi, kitabu chake kikubwa cha saikolojia kilitoka 1890, kwa hiyo huyu sio mtu asiyejua ushahidi ni nini. Lakini akiwa kijana wa miaka ishirini na kitu alipitia kipindi kibaya sana cha msongo, akifikiria hata kujiua, na moja ya vitu vilivyomkaba ni wazo kwamba labda binadamu hana hiari yoyote, kila kitu kimeshapangwa na sheria za maumbile na yeye ni mashine tu. Tarehe 30 Aprili 1870, baada ya kumsoma mwanafalsafa Mfaransa Charles Renouvier, aliandika kwenye daftari lake kwamba tendo lake la kwanza la hiari litakuwa ni kuamini kwamba hiari ipo. Ushahidi hakuwa nao, wala leo huwezi kwenda maabara ukarudi na jibu la hilo swali, lakini alihitaji kuamka kesho yake na kuishi. Mimi naona falsafa yake yote ya imani iko ndani ya ile sentensi ya daftari.

Sasa hoja. James anasema tukiwa tunatafuta ukweli tuna amri mbili na sio moja: pata ukweli, na epuka kosa. Zinafanana lakini sio kitu kimoja. Mtu anayeogopa kukosea kuliko kitu kingine chochote anaweza akakaa asiamini lolote, na kweli hatakosea, lakini pia atakuwa amekosa kila ukweli uliokuwa mbele yake. Clifford ameiweka amri ya pili juu ya ya kwanza, na James anauliza nani kampa Clifford ushahidi wa kwamba ni lazima iwe hivyo? Hiyo hofu ya kudanganyika nayo ni hisia, ni mapenzi ya moyo kama mapenzi mengine, hivyo asije akajifanya yeye anaongozwa na akili tupu na mwenzake anaongozwa na moyo.

Baada ya hapo ndo yanakuja masharti. Haki ya kuamini bila ushahidi kamili ipo tu pale ambapo uchaguzi ulio mbele yako ni hai, hauepukiki na ni mzito, na pia jambo lenyewe kwa asili yake haliwezi kuamuliwa kwa ushahidi.

Hai maana yake pande zote mbili za uchaguzi ziwe ni kitu ambacho wewe kweli unaweza kukiamini. Hapa James alikuwa muwazi sana kwa wasikilizaji wake, aliwaambia nikikwambieni mchague kati ya kuwa Waislamu na kuwa watheosofia (wafuasi wa theosofia, mafundisho ya kutafuta ujuzi wa siri kuhusu Mungu), hilo kwenu ni chaguo mfu, haliwagusi popote, ila nikisema mchague kati ya Ukristo na kutojua kama Mungu yupo, hapo kila mmoja wenu anashtuka. Akataja pia Mahdi, yule kiongozi ambaye Waislamu wengi wanaamini ataletwa na Mungu, kwamba kwa Mmarekani wa pale ukimwambia amwamini Mahdi hakuna waya unaogusana, ila kwa Mwarabu, hata kama sio mfuasi wake, ni jambo linalowezekana akilini. Mimi hapa ndo napapenda kuliko sehemu zote za ule mhadhara, kwa sababu anakubali kwamba uhai wa imani hauko kwenye imani yenyewe peke yake, uko kwenye uhusiano wake na mtu aliyesimama mbele yake. Mtu wa Lamu au Unguja kwake Uislamu ndo upande ulio hai kuliko wote, na hiyo theosofia wengi hata hawajawahi kuisikia. Hiyo haimaanishi ukweli unabadilika kwa jiografia, inamaanisha kwamba hakuna anayeanza kufikiri kuhusu Mungu akiwa hana pa kusimama.

Kutoepukika ni rahisi kueleza. Nikikwambia toka na mwavuli au toka bila mwavuli, unaweza usitoke kabisa. Lakini kuna mambo ambayo kutochagua nako ni kuchagua, matokeo yake ni yaleyale ya kukataa, na James anaona dini iko hivyo: mtu anayesema "nasubiri ushahidi" akasubiri mpaka anakufa, kimaisha ameishi sawasawa na aliyekataa. Na uzito ni kwamba nafasi iwe ya pekee na hasara yake kubwa, yeye alitoa mfano wa Nansen, yule mvumbuzi wa Norway, akikualika safari ya Ncha ya Kaskazini, ukikataa nafasi haitarudi.

Halafu kuna hoja nyingine ndani yake ambayo naona ndo yenye nguvu zaidi, kwamba kuna ukweli mwingine hautokei mpaka kwanza mtu auamini. Treni imejaa abiria, wengi wana nguvu zao, wanakuja majambazi wachache wanawapora wote, kwa nini, kwa sababu majambazi wanaaminiana na abiria hawaaminiani, kila abiria anajua akisimama peke yake atapigwa risasi kabla mwingine hajanyanyuka. Wangeamini kwamba wote watasimama wangesimama, na majambazi wasingethubutu hata kujaribu. Ushahidi kwamba "wenzangu watasimama" hauwezi kupatikana kabla, unapatikana kwa kuamini. Urafiki nao hivyohivyo, ukikaa mbali ukisubiri uthibitisho kwamba mtu anakupenda ndo na wewe uanze kumwonyesha upendo, huo uthibitisho hauji. James anasema inawezekana na Mungu ni hivyo, kama yupo na ana nafsi, basi anayekataa kusogea mpaka apewe vyeti vyote anaweza akajifungia mlango mwenyewe.

Waliompinga ni wengi na sio wajinga. Mwanafalsafa wa Uingereza Bertrand Russell alisema kwa nini tulazimishwe kati ya kuamini na kukataa, unaweza ukalichukua jambo kama dhana ya kufanyia kazi, ukalitendea, bila kujifungia kwamba ni kweli. Ni jibu zuri, ila kwa James imani inapimwa kwa utayari wa kutenda, sasa mtu anayeswali alfajiri, anafunga, anatoa zaka na anazika wazazi wake akitarajia kuonana nao, ukimwambia hiyo ni dhana ya kufanyia kazi tu sidhani kama umeelezea anachofanya. Pingamizi lingine linaniuma zaidi, kwamba mfano wa treni na wa urafiki ni wa mambo yanayotokea kwa sababu watu wameamini, lakini Mungu ama yupo ama hayupo, imani yangu haimfanyi awepo. James ana jibu la nusu tu hapo, kwamba anachoongelea ni kumfikia, sio kumfanya awepo.

Miaka ya karibuni zaidi mwanafalsafa Alvin Plantinga wa Marekani alikuja na njia tofauti kabisa, yeye hakuomba ruhusa kama James, alisema kanuni ya Clifford yenyewe ndo ina tatizo kwa sababu tunaamini vitu vingi bila kuvijengea hoja, kwamba wenzetu wana akili na hisia kama sisi, kwamba asubuhi nilikunywa chai, na hakuna anayetuona hatuna akili, basi imani kwa Mungu nayo inaweza kuwa kwenye msingi na sio ghorofani. Hiyo ni mada yake.

Mimi kwa upande wangu nadhani mwenye meli na kijana wa daftari hawakuwa kwenye kesi moja. Kwenye meli ushahidi ulikuwa unapatikana, ni kuita fundi na kulipa, na gharama ya ile imani walibeba abiria ambao hawakuulizwa. Kwenye daftari ushahidi haupatikani popote na gharama anabeba mwenye kuamini. Ndo maana napata uchungu nikisikia mtu kasimamishiwa dawa za ARV kwa kuambiwa ameponywa, halafu anayemwambia hivyo anasema imani haipimwi. Wingi wa virusi unapimwa, majibu yapo, kwa hiyo sharti la mwisho la James limeshavunjika hata kabla hatujafika kwa Clifford, na aliyehubiri hivyo yuko upande wa mwenye meli.

Na James mwenyewe hakuwa mtu wa kudharau uponyaji wa imani. Mwaka 1898 alikwenda mbele ya watunga sheria wa Massachusetts kupinga muswada wa kuwazuia waponyaji wasio na leseni ya udaktari, wakati madaktari wenzake wengi walikuwa wanautaka. Alisema wale wagonjwa wanaosema wamepona ni taarifa, na sayansi ya tiba bado ni changa mno kuifungia taarifa mlango. Alitaka zikusanywe na zichunguzwe.