Filamu fupi za taharuki Mtwara na Lindi: dhana potofu na ukweli

Dhana: taharuki ni kumshtua mtazamaji.

Hii ndiyo inayoua filamu nyingi fupi kabla hata kamera haijawashwa. Mwandishi anaweka jini nyuma ya mlango, muziki unalipuka, watu wanaruka, basi. Huo ni mshtuko, na huisha kwa sekunde chache. Taharuki huanza pale mtazamaji anapojua jambo ambalo mhusika halijui.

Chukua mkulima anayetoka benki Newala na malipo ya korosho kwenye kibegi. Anapanda bodaboda. Mtazamaji ameshamwona dereva akimkonyeza kijana aliyesimama chini ya mwembe. Kuanzia hapo waache wazungumze mambo ya kawaida kabisa: mvua, bei ya mnada, harusi ya binti. Kadiri maongezi yanavyotulia ndivyo tumbo la mtazamaji linavyokaza. Mwongozaji wa filamu za taharuki, Alfred Hitchcock, alilieleza hili kwa mfano wa bomu chini ya meza: likilipuka bila mtazamaji kujua, anapata sekunde 15 za mshtuko, akijua kuwa lipo, anapata dakika 15 za taharuki.

Kwa hiyo kazi kubwa ya mwongozaji ni kupanga nani ajue nini, na lini. Pembeni ya kila ukurasa wa skripti andika mambo mawili: mtazamaji anajua nini, mhusika anajua nini. Ukurasa mzima ukipita hali mtazamaji na mhusika wanajua mambo yaleyale, na hakuna swali linalomning'iniza mtazamaji, ukate au uandike upya. Usitegemee pia ile kanuni ya ukurasa mmoja kuwa dakika moja. Mistari mitatu ya "anavuka uwanja, anasikiliza, anagusa komeo" inaweza kula dakika mbili kwenye skrini. Isome skripti kwa sauti huku saa ikihesabu, na vitendo vya kimya uvitembee mwenyewe.

Dhana: kamera ya bei kubwa ndiyo inayokutofautisha.

Simu nzuri iliyofungwa kwenye stendi inatosha kuanzia. Kinachomtoa mtazamaji kwenye filamu ni sauti mbovu, na taharuki huishi kwenye sauti: hatua kwenye changarawe, kitasa kinachozunguka, pumzi. Fedha za kwanza nunua maiki na rekoda.

Rekodi kwa 48 kHz (mpangilio wa kawaida wa sauti ya video), na sauti za juu zicheze karibu na -12 dB kwenye kipimo cha rekoda ili mtu akipiga kelele zisipasuke. Maiki ikae juu ya kichwa cha mwigizaji, nje kidogo tu ya fremu. Ikiwa mita mbili mbali utapata mwangwi wa chumba badala ya mtu. Ufukweni Shangani, upepo wa kusi utakuharibia kila kitu bila kifuniko cha manyoya kwenye maiki. Ndani ya nyumba zima feni na friji, na funguo za pikipiki uziweke ndani ya friji hiyo, ili usiondoke bila kukumbuka kuiwasha. Kabla ya kuhama kila eneo, nyamazisheni wote na mrekodi dakika moja ya ukimya wa pale. Huo ndio utakaoziba mapengo wakati wa kuhariri. Bila huo kila mkato utasikika kama mlango unaofunguliwa.

Halafu kuna bati. Mvua za kusini huanza karibu na Desemba na huendelea hadi Aprili, na mvua ikipiga bati hakuna maiki itakayookoa maongezi. Matukio ya ndani yenye maneno mengi yapange Juni hadi Oktoba.

Dhana: tukio la usiku lazima lipigwe gizani.

Giza tupu huipa kamera ndogo picha yenye chengachenga. Huku kwetu mwanga wa samawati baada ya jua kuzama hudumu dakika 20 hivi tu. Fanyeni mazoezi kuanzia saa 11 jioni, kisha mpige shoti tatu au nne za mandhari pana ndani ya dakika hizo. Shoti za karibu zipigwe baadaye kwa taa ndogo ya betri iliyowekwa nyuma au ubavuni mwa mwigizaji. Ukiiweka mbele ya uso, siri yote imeisha. Kasi ya shata (muda ambao kamera hupokea mwanga kwa kila fremu) iwe 1/50 ya sekunde kwenye fremu 25 kwa sekunde, kwa sababu umeme wetu ni wa hezi 50. Ukienda tofauti, taa za nyumbani huweza kumeta kwenye picha.

Ufukweni Mikindani tatizo ni maji. Hujaa na kupwa mara mbili kwa siku na kila siku huchelewa kwa takriban dakika 50, kwa hiyo ukirudi kesho saa ileile mstari wa maji umeshahama. Siku za bamvua tofauti ni kubwa mno. Wavuvi wanajua ratiba hiyo kwa kichwa. Waulize kabla ya kupanga siku.

Na kamera iliyolala kwenye kiyoyozi usiitoe mara moja kwenye joto. Iache ndani ya begi lililofungwa kwa nusu saa, la sivyo lenzi itajaa ukungu.

Dhana: filamu fupi haihitaji kibali.

Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza Na. 4 ya mwaka 1976 haijali urefu. Kibali cha kupiga picha na ukaguzi kabla ya kuonyesha viko chini ya Bodi ya Filamu. Anza kwa Afisa Utamaduni wa wilaya. Mtaani, mwenyekiti apate barua mapema, hasa kama kuna silaha ya bandia au mayowe ya usiku, maana majirani watakuja na mapanga ya kweli. Droni inahitaji idhini ya TCAA, Mamlaka ya Usafiri wa Anga. Magofu ya Kilwa Kisiwani ni urithi wa dunia tangu 1981, nayo yana utaratibu wake.

Dhana: YouTube italipa, au uhamie Dar.

Ili kugawiwa mapato ya matangazo, chaneli huhitaji wafuatiliaji 1,000 na saa 4,000 za kutazamwa ndani ya miezi 12. Filamu ya dakika 8 ingepaswa kutazamwa hadi mwisho mara 30,000. Watengenezaji filamu wengi huishi kwa kupiga harusi, matangazo na video za miradi, na filamu fupi ndiyo inayowaonyesha wateja na watayarishaji kwamba unaweza kusimulia.

Kuhusu Dar, faili husafiri kwa intaneti. Tamasha kama ZIFF la Zanzibar hupokea kazi kutoka popote. Weka manukuu ya Kiingereza (maandishi ya tafsiri chini ya picha), na usivuke dakika 15, maana filamu fupi zaidi ni rahisi kupangiwa nafasi. Saini mkataba na kila mwigizaji na mtunzi wa muziki siku ya kupiga picha, hata kama ni binamu yako. Kuwatafuta baada ya filamu kuchaguliwa ni mateso. Baadhi ya matamasha hukataa filamu iliyokwisha kuwekwa hadharani, kwa hiyo YouTube isubiri hadi mzunguko wa matamasha uishe.