Neno la mwisho kwenye uhariri ni la nani?

Mwongozaji anaweza kuchagua waigizaji, taa na lenzi, na bado filamu ikatoka ya mtu mwingine. Kinachoamua ni kipengele kimoja cha mkataba: nani ana neno la mwisho kwenye uhariri.

Mkataba wa 1939 kati ya mwongozaji Orson Welles na RKO, studio ya Hollywood, ulimpa haki hiyo, ndiyo maana Citizen Kane (1941) ilitoka alivyoitaka. Kwa filamu yake iliyofuata, The Magnificent Ambersons, haki ilirudi studio. Februari 1942 Welles alikwenda Brazil kupiga filamu nyingine, akaacha toleo la dakika zipatazo 131. Mhariri, Robert Wise, alitakiwa kumfuata Rio wamalizie pamoja, lakini vizuizi vya safari za wakati wa vita vikamzuia. Machi 17 studio ikaijaribisha kwa watazamaji huko Pomona, California, mara tu baada ya filamu ya muziki na vichekesho. Watu waliokuja kuburudika wakaletewa familia inayoporomoka, na wengine wakacheka pale pa majonzi. Kwenye jaribio la pili huko Pasadena, siku mbili baadaye, ilipokewa vizuri zaidi, ila hofu ilishaingia. Welles akabaki kupigana kwa telegramu, wakati mkasi uko Hollywood. Filamu ilitoka na dakika 88 na mwisho uliopigwa na mtu mwingine. Negativu za vipande vilivyoondolewa, yaani mikanda asili inayotolewa nakala, ziliharibiwa. Hilo haliponyeki: uhariri mbaya hurekebishwa, negativu iliyoharibiwa hairudi.

Mwongozaji mwingine, John Ford, alijilinda kwa njia nyingine: alipiga kidogo. Ukipiga kila onyesho kwa shoti pana, ya kati na ya karibu, umempa prodyuza vifaa vya kutengeneza filamu yake. Ukipiga pembe unazozihitaji tu, mhariri hana pa kuchepukia. Hatari yake ni kwamba onyesho likikosea, na wewe huna cha kuliokolea.

Leo makubaliano ya chama cha waongozaji cha Marekani, DGA, humpa mwongozaji wa filamu ya bajeti ya kawaida wiki 10 za kuhariri toleo lake bila kuingiliwa. Wengi huishia kufurahia hapo. Hilo ni toleo la kwanza, si la mwisho! Hata aliyepewa neno la mwisho hufungwa na masharti: urefu usiozidi dakika zilizotajwa, daraja la umri, bajeti isivukwe. Ukivuka moja, haki inaweza kuondoka. Kwa hiyo pima urefu wa skripti kabla ya kusaini, kwa sababu ukurasa mmoja hukadiriwa kuwa dakika moja hivi, na kurasa 150 hazitaingia kwenye dakika 120.